Chuo cha Kisichokuwepo: Sauti Nyuma ya Pazia

SEHEMU YA KUMI NA MOJA

Mkono uliomdaka Siok-hun kifundo cha mkono, palepale alipofungua mlango wa nyuma ambao hakuna binadamu aliyeruhusiwa kuufungua, haukuwa wa mzuka. Ulikuwa na joto, ulikuwa na jasho, na kwenye kidole cha shahada ulikuwa na kovu refu.

Siok-hun alilijua kovu lile. Alilifunga bandeji mwenyewe miaka ishirini iliyopita, siku mumewe alipobanwa na mlango wa lifti.

"A-Hiong?"

"Funga mlango," mwenye mkono akasema. "Mvua inaingia."

(Mlioniandikia mkiapa kwamba ni mkono wa maiti, poleni sana. Mmoja wenu alinitumia hata mchoro.)

Kwa aliyekosa gazeti lililopita nitasema haraka, maana muda wenyewe hatuna. Juu ya kilima, nyuma ya bandari yetu ya Keelung, kuna chuo kinachofundisha kwamba dunia haipo. Ukuta haupo, mvua haipo, na wewe unayesoma hapa hupo. Masomo yana madaraja tisa, na mwanafunzi asiyesaini daftari la mahudhurio hafanyi mtihani.

Mwalimu Mkuu wa chuo hicho amekaa siku arobaini na tisa kwenye chumba cha ndani. Mbele yake kuna pazia la mianzi linalotazama ukumbi, nyuma yake kuna mlango mmoja, na kinachotoka ni sauti tu. Leo saa kumi na moja jioni mlango huo utabandikwa karatasi ya muhuri na hautafunguliwa kwa miaka mitatu.

Siok-hun amejiandikisha chuoni kwa jina la dada yake ili amtafute mumewe, Ko Bun-hiong, fundi lifti mstaafu, aliyekuja hapa kwa semina ya siku mbili. Huu ni mwezi wa saba tangu aondoke nyumbani. Aliufungua mlango ule akitaka kumkaba Mwalimu Mkuu koo mpaka aseme mumewe yuko wapi.

Sasa mumewe alikuwa amesimama mbele yake, amevaa joho la manjano.

"Mwalimu Mkuu yuko wapi?" Siok-hun akauliza.

"Mimi hapa."

"Nimekuuliza Mwalimu Mkuu."

"Nami nimekujibu, A-Hun."

Siok-hun alimtazama juu mpaka chini. Joho lilikuwa la hariri. Chini ya joho ilichungulia suruali ya kazi ya bluu, ile yenye mifuko ya bisibisi, ambayo yeye mwenyewe aliitia viraka.

"Mzee mwenyewe aliondoka zamani," Ko akanong'ona. "Aliacha barua. Kasema amechunguza kwa makini, akagundua kwamba dunia ipo. Akaenda kuishi kwa mwanawe, mjini Kaohsiung."

"Halafu?"

"Halafu Bi Khu, msajili, akaficha barua. Mimi nilikuwa humu natengeneza kilifti cha kupandishia chakula. Naongea peke yangu, si unanijua. Nikasema, 'Tatizo haliko kwenye kamba, tatizo liko kwa anayebonyeza.' Nasikia upande wa pili wa pazia watu wanalia. Wanalia, A-Hun! Bi Khu akaingia mbio, akaniziba mdomo. Akafikiri kidogo. Akaniachia."

Siok-hun alicheka. Alikuwa hajacheka kwa miezi saba, na kicheko kilimtoka kwa nguvu mpaka akajiziba kwa kiganja.

"Kuna profesa wa fizikia huko nje," Ko akaendelea, naye anatabasamu, "ameiandikia sentensi hiyo kurasa arobaini."

"Haya, vua hilo gunia twende nyumbani. Pikipiki nimeiegesha chini kwenye ngazi. Dawa zako za presha ninazo hapa kwenye mkoba."

Ko hakuvua.

"A-Hiong, imebaki nusu saa wafunge huu mlango."

"Najua. Siendi."

Naam, msomaji. Vipindi kumi tumemtafuta mtu huyu. Tumepanda naye Siok-hun ngazi mia mbili na kumi, tumejifunza naye kutokuwepo mpaka daraja la tatu, tumeiba funguo. Na bwana mwenyewe anasema haendi.

"Jana niliwaambia, 'Mlango usiofunga vizuri, usiulazimishe,'" Ko akasema taratibu. "Watu themanini wakanyamaza dakika kumi nzima. Wakafumba macho. Nani aliwahi kunyamaza kwa neno langu? Miaka thelathini na nne, A-Hun, nikifungua mdomo tu..."

"...unasema upuuzi," Siok-hun akamalizia.

Wote wawili walilisikia neno lile likitua chini.

Siok-hun aliumia, na sitaki kulizungusha. Mwanamke huyu amepika wali wa watu wawili kila siku kwa miezi saba, akala sahani yake na kuitazama ile nyingine. Alimpenda mume huyu kwa mapenzi ya kumkatia kucha. Na hakuwahi hata mara moja kudhani kwamba alikuwa anamkatiza.

"Kwa hiyo wakufungie humu miaka mitatu," akasema, sauti imeshuka. "Una miaka sitini na tatu, A-Hiong. Presha yako..."

"Ni karatasi tu ile. Hata paka anaweza kuichana."

"Basi utaichana ukichoka?"

Ko alilifikiria jambo hilo kwa uaminifu, ndivyo alivyo. "Hapana," akasema. "Ikishabandikwa, hakuna mtu anayeichana."

"Sahihi kabisa," sauti ya tatu ikasema.

Bi Khu alikuwa mlangoni. Mkono wa kushoto alishika kopo la gundi, mkono wa kulia brashi pana, na kwapani alibana karatasi ndefu nyekundu yenye mihuri sita. Mwanamke mwembamba, nywele zimebanwa kisawasawa, miwani inaning'inia kifuani kwa mnyororo. Kabla ya kuja kuendesha chuo cha mambo yasiyokuwepo alikuwa karani wa ofisi ya vizazi na vifo, na tabia hazijamtoka.

"Dada Siok-lan," akasema kwa upole. "Au nikuite Bi Ko?"

"Umejua lini?"

"Siku ya kwanza. Kitambulisho ulicholeta kina picha ya mtu asiye na chunjua shavuni."

"Mbona hukunifukuza?"

"Ulikuwa unahudhuria vizuri." Bi Khu akaweka kopo chini. "Siku hizi watu wanaohudhuria vizuri ni wachache. Sasa tafadhali, dada, nenda ukalale ukumbini na wenzako. Unaweza kupiga kelele ukitaka, sitakuzuia. Utawaambia watu themanini kwamba huyu ni fundi lifti. Wengine wameleta mama zao leo. Watamgeukia nani? Mimi msajili tu."

Siok-hun akamtazama mumewe. Mumewe akatazama sakafu. Yeye akiongea, mzee wake anaaibishwa mbele ya ukumbi mzima. Akinyamaza, anafungiwa. Bi Khu alikuwa amelifunga fundo hilo vizuri na alijua.

"Dakika ishirini na mbili," Bi Khu akasema, akakoroga gundi.

*

Ukumbini walikuwa wamelala chali wote, majoho ya kijivu, mikono ubavuni. Hili ndilo zoezi la mwisho na linaitwa Kuuacha Mwili. Kanuni ni moja: atakayetikisika kabla muhuri haujabandikwa anarudi daraja la kwanza, aanze upya na Ukuta Haupo.

Siok-hun alilala katikati ya Profesa Giam, yule wa kurasa arobaini, na mama mmoja muuza chai aliyekuwa daraja la nane. Machozi yalimshuka pembeni yakaingia masikioni. Hakuruhusiwa kuyafuta.

Nyuma ya pazia sauti ya mumewe ikaanza. Ilikuwa nzito, ya polepole, na lazima niseme ukweli, ilikuwa nzuri. Hata Siok-hun aliona kwamba ni nzuri.

"Hakuna kinachoita," sauti ikasema. "Hakuna anayeitwa."

"Hakuna anayeitwa," themanini wakaitikia.

Na hapo ndipo, kwa mbali, chini kabisa ya kilima, kinanda kikaanza kulia.

Bi Khu aliipanga sherehe hii kwa miezi miwili. Alitazama kalenda ya mwezi. Alitazama kalenda ya nyota. Alipanda mpaka hekaluni kumuuliza mpiga ramli, akajibiwa kwamba Jumanne jioni ni saa njema kupita zote. Kalenda ambayo hakuitazama ni ile iliyobandikwa na sumaku kwenye jokofu lake mwenyewe.

Lile lilikuwa lori la taka.

Lori la taka halimgojei mtu mjini kwetu. Linapita na muziki wake, linasimama dakika tatu, na mfuko hauwekwi chini, unautupa kwa mkono wako mwenyewe au unalala nao. Na leo ilikuwa Jumanne. Jumatano lori linapumzika. Ilikuwa Agosti, joto la kupika mayai barabarani, na jikoni kulikuwa na mifuko mitano ya mabaki ya karamu ya siku ya arobaini na tisa: maganda ya machipukizi ya mianzi, maganda ya mananasi, uyoga uliochacha. Zaidi ya hapo, nusu ya wanafunzi wanakaa mtaa huuhuu, na walikuja na mifuko ya nyumbani kwao wakaiacha pale kwenye viatu, wakitegemea sherehe itawahi kwisha.

Muziki ukapanda kona ya kwanza.

Hakuna aliyetikisika. Lakini pumzi zilibadilika ukumbi mzima.

"Kaka Giam," mama wa chai akanong'ona, midomo haijongei. "Leo Jumanne?"

"Hakuna Jumanne, dada."

Muziki ukapanda kona ya pili. Jicho moja la Profesa likafunguka.

"Zamu ya jikoni ni ya nani?" akauliza.

"Zamu haipo, kaka. Wewe mwenyewe umetufundisha."

"Ni kundi la pili," Profesa akasema, na jasho likamtoka. "Mimi ndiye kundi la pili."

"Mimi nimeacha mfuko wa utumbo wa samaki," akanong'ona mtu mstari wa nyuma. "Wa mama mkwe."

"Chuo hiki si cha kula mboga tupu?"

"Mama mkwe hasomi hapa!"

"Kimyaaa," Bi Khu akasema kutoka mlango wa nyuma, brashi mkononi. Lakini naye alikuwa amegeuza kichwa kuelekea dirishani.

Lori likasimama. Muziki ulikuwa sasa chini ya ngazi, wazi kabisa, na juu yake sauti ya shangazi mmoja akimpigia kelele dereva asubiri.

Profesa Giam akainuka. Miaka kumi na mitano ya kutafuta kutokuwepo, na akainuka mara moja kama mtu aliyekalia sindano. Mama wa chai akainuka. Halafu sijui niseme nini, ukumbi wote ukainuka, majoho themanini yakigongana, mtu akililia kiatu chake, mtu akililia mfuko wake, wote wakimiminika mlangoni na kwenye ngazi zenye utelezi.

Siok-hun alibaki amekaa sakafuni peke yake. Hakutazama mlango. Alitazama pazia.

"Hakuna kinachoita," sauti ikasema nyuma ya pazia, haina nguvu tena. "Hakuna..."

Ikakatika.

Siok-hun alimjua mtu huyu. Nyumbani, taka ilikuwa kazi yake. Aliwahi kuacha supu mezani, aliwahi kuacha ugomvi katikati, na siku ya harusi ya binti yao aliwaacha wakwe sebuleni, akashuka na mfuko akiwa amevaa suti. Miaka thelathini na nne hakukosa hata siku moja.

Pazia likatikisika. Joho la manjano likatoka mbio na mifuko miwili ya taka za humo chumbani, mmoja kila mkono.

"A-Hiong!" Siok-hun akaita.

"Kesho haliji!" Ko akajibu, akapita.

*

Chini ya ngazi, kwenye mvua, Ko alitupa mfuko wa kwanza, akatupa wa pili, akageuka. Watu themanini walikuwa wamemkodolea macho. Mikono yao ilikuwa mitupu na maji yalitiririka kwenye nyuso zao.

"Huyo si Ko wa lifti?" mtu akauliza.

"Amevaa joho la Mwalimu."

"Ametoka chumba cha Mwalimu!"

Siok-hun alifika akihema. Bi Khu alifika nyuma yake, brashi ingali inadondosha gundi, na kwa mara ya kwanza tangu hadithi hii ianze nywele zake zilikuwa zimefumuka. Siok-hun akasubiri. Sasa watamtukana, aliwaza, halafu watamwachia, nami nitampeleka nyumbani nikamkaushe kichwa.

Ko akanyoosha mkono. Akamtazama mkewe, na macho yake yalikuwa yale ya nyumbani.

"Sikilizeni," akasema. "Mimi si Mwalimu. Mimi ni Ko Bun-hiong, fundi wa..."

"...wa nafsi!" Profesa Giam akamalizia kwa kilio, akapiga magoti kwenye dimbwi. "Nilijua! Nilishuku tangu lile somo la kamba! Mwalimu ameuvaa mwili wa Kaka Ko ili aje abebe taka zetu!"

"Hapana. Nasema kwamba dunia..."

"...haipo!" wakaitikia wote.

"Ngojeni basi nimalize, jamani, mimi..."

"...sipo!"

Magoti ya watu themanini yakashuka barabarani. Mama wa chai alikuwa anabusu pindo la joho. Mtu mmoja alifungua mfuko wa plastiki uliotumika na kuomba ubarikiwe.

Ko alizungusha macho. Watu waliomnyamazia dakika kumi jana, leo hawakumwachia hata sentensi moja. Alimtazama Siok-hun, na Siok-hun, namtetea hapa, alikuwa amejiuma mdomo ili asiseme neno. Alitaka amalize. Alimwashiria kwa kichwa: sema, mzee wangu, sema.

Lakini Ko alikuwa amekwisha choka kusema.

"Mnatupa au hamtupi?" dereva akafoka dirishani, akakanyaga mafuta.

Fundi lifti yeyote anajua kurukia kitu kinachoondoka. Ko alikamata chuma cha nyuma ya lori, akapanda kwenye kikanyagio karibu na yule mfanyakazi wa glavu, na lori likakata kona likilia kinanda, na joho la manjano likipepea.

"Ameondoka kwenye mwili!" Profesa Giam akapiga kelele.

Siok-hun alikuwa amekwisha toa funguo za pikipiki. Kituo kinachofuata cha lori ni kwenye duka la tambi, dakika nne tu. Angemkuta. Alikuwa ameshika usukani Bi Khu alipomgusa bega.

"Bi Ko. Kiti hakiwezi kubaki kitupu."

"Kakikalie mwenyewe."

"Sauti yangu wanaijua. Wewe hukuwahi kuuliza swali darasani." Bi Khu akasogea karibu. "Dakika tano tu. Ukitaka waambie ukweli wote, mimi nimeshindwa. Lakini waambie ukiwa ndani. Umeona walivyomfanya hapa nje. Hapa nje watu hawasikilizani. Nyuma ya pazia ni mambo mengine."

"Mimi ni mwanamke."

"Daraja la saba Mwalimu anaacha uume na uke. Lipo kwenye mtaala."

Siok-hun alitazama kona ambako lori lilipotelea. Alisikia muziki ukishuka. Akajiambia hivi, na nadhani alijiamini kabisa: nitaingia mara moja, nitawaambia mume wangu ni nani, watamwacha kwa heri, kisha nitamfuata. Dakika tano. Lori lina vituo sita.

Akapanda ngazi.

Chumba cha ndani kilinuka mafuta ya kuchua ya mumewe. Mto wa kukalia ulikuwa bado una joto. Siok-hun aliketi, akaweka funguo za pikipiki kwenye paja, na kupitia mianzi akawaona wakirudi mmojammoja, wamelowa, wakijipanga chini bila hata kusukumana. Bi Khu akagonga kengele.

"Mimi si Mwalimu," Siok-hun akasema kwa nguvu, akijiandaa kukatizwa.

Hakuna aliyemkatiza. Akasikia kalamu themanini zikiandika.

"Mimi ni mke wa mtu," akasema, polepole kidogo.

Kalamu. Mstari wa mbele Profesa Giam aliinamisha kichwa, mabega yakimtikisika. Siok-hun alilea watoto watatu, aliuza maandazi ya mvuke sokoni miaka kumi na tisa, alifokewa na wateja na mawifi, na hakuwahi kusikia kimya cha namna hii kikimsubiri yeye. Alikuwa na jambo la tatu la kusema. Ndilo lililomleta, la fundi lifti na barua ya Kaohsiung, na lingekwisha kwa pumzi moja.

Nyuma yake kitu chenye maji kikaanza kupita juu ya ubao wa mlango, kushuka na kupanda, taratibu. Ilikuwa saa kumi na moja kamili, na ilikuwa brashi ya gundi.

Siok-hun aliisikia vizuri. Alitazama funguo pajani, akakohoa kidogo kusafisha koo, akasema, "Sasa, kuhusu ndoa."